Kuutafutia Mzani sheria: simulizi ya safari ya saa za kale

Jumapili usiku, London

Kesho asubuhi tunaanza, kwa hiyo nieleze kwanza kinachotupeleka.

Katika riwaya ninayoiandika kuna kifaa kinachoitwa Mzani. Kimo juu ya mnara, katika mji uliozungukwa na bahari pande tatu, na anayekishika anautawala wakati. Anaweza kuusimamisha, kuukimbiza, hata kuurudisha nyuma mpaka aliyezikwa jana aonekane leo akitembea sokoni. Sura za mwanzo ziliandikika kwa raha, maana kifaa cha namna hiyo hufungua kila mlango. Taabu yake ni hiyo hiyo. Kila mhusika anapoingia hatarini, msomaji makini atauliza: si waugeuze Mzani tu? Swali hilo likikosa jibu, hadithi imekwisha.

Njia iliyozoeleka ya kulikwepa ni hila. Kifaa kinaibwa, kinavunjika, au kinatumbukia shimoni dakika ya mwisho. Sizitaki hila hizo. Nataka Mzani uwe mzima, uwe mbele ya mhusika, na bado mkono wake usite kuugusa. Wahenga walisema wakati ni ukuta, ukishindana nao utaumia mwenyewe. Mimi nataka kujua mtu anaumia wapi hasa, na anayeumia ni nani.

Uchawi haulazimiki kufuata fizikia, lakini uchawi usio na mambo unayoyakataa haumtii mtu hofu. Nimeona nizitafute sheria za Mzani kwa watu waliohangaika na wakati kwa mikono yao, wafua vyuma na wapiga hesabu, kwenye saa zao zilizobaki. Kaka yangu ni fundi saa, naye amekubali tufuatane. Atatazama meno ya magurudumu; mimi nitatazama kisa.

Jumatatu, Greenwich

Kilima kina upepo. Juu yake kipo kituo cha kuangalia nyota kilichoanzishwa na Mfalme Charles II mwaka 1675, na juu ya paa upo mlingoti wenye mpira mwekundu. Tangu mwaka 1833 mpira huo hushushwa kila siku saa saba mchana, ili mabaharia waliotia nanga mtoni wazirekebishe saa zao kwa kuutazama tu. Saa saba kasoro dakika tano hupanda nusu ya mlingoti. Zikibaki dakika mbili hufika juu kabisa. Halafu unaanguka. Watu waliokuwa wanazungumza walinyamaza wote kuungoja.

Nilichokuja kukiona kiko ndani: saa nne za John Harrison. Mwaka 1707 meli za kivita za Uingereza zilipotea njia zikavunjikia kwenye miamba ya visiwa vya Scilly, na mwaka 1714 Bunge likapitisha sheria ya kumtuza hadi pauni 20,000 atakayepata njia ya kujua longitudo baharini. Dunia huzunguka nyuzi 15 kwa saa moja. Ukijua sasa ni saa ngapi ulikotoka, na jua likakuambia ni saa ngapi ulipo, tofauti yake inakupa umbali wako kwenda mashariki au magharibi. Ilihitajika tu saa isiyopoteza mwendo kwenye mawimbi, joto na baridi. Harrison, fundi seremala kwa asili yake, alilifukuzia jambo hilo karibu maisha yake yote.

Ya kwanza, H1 ya mwaka 1735, ina mikono miwili mirefu yenye vipira vya shaba nchani. Springi zimeiunganisha, mmoja ukienda kulia mwingine unakwenda kushoto, hivi kwamba mtikisiko wa meli ukiusukuma huu, ule unaufuta. Nilisimama pale mpaka macho yakaanza kuona mikono hiyo inapumua. H2 na H3 nazo zinatembea.

Ya nne imesimama. H4 ilikamilika mwaka 1759, ina upana wa sentimita 13 hivi, na ndiyo iliyoshinda: ilisafirishwa hadi Jamaica kati ya mwaka 1761 na 1762, na baada ya siku 81 ilikuwa imepotea sekunde 5 tu. Ni nzima, inaweza kutembea hata leo, ila watunzaji wameamua isitembee. Nikamuuliza kaka kwa nini.

"Mafuta, mdogo wangu. Zile tatu za mwanzo alizitengeneza zisihitaji mafuta, sehemu nyingine ni mti unaojilainisha wenyewe. Hii ya nne inataka mafuta, na mafuta yakishazeeka yanashika vumbi, vumbi linakula chuma. Kila siku utakayoiendesha unaila kidogo."

Niliandika maneno hayo papo hapo. Mzani utachakaa. Kila ukiguswa kuna kinachopungua ndani yake kisichorudi, na mlinzi bora wa Mzani ni yule aliyezeeka bila kuugusa.

Nikapata na mhusika. Familia ya Belville iliuza wakati. Baba alianza mwaka 1836: aliisawazisha saa yake Greenwich, kisha akaizungusha kwa wateja wa London ili nao wasawazishe zao. Binti yake, Ruth, aliirithi kazi hiyo na kuifanya hadi mwaka 1940, akibeba kronomita iliyoitwa Arnold. Kila wiki alipanda kilima hiki na kushuka na saa sahihi ndani ya mkoba wake. Mji wangu utakuwa na mwanamke wa namna hiyo, mchukuzi wa wakati anayebisha mlango kwa mlango. Yeye ndiye atakayekuwa wa kwanza kugundua kwamba Mzani umeguswa.

Jumanne, Salisbury

Leo nimeuona Mzani kwa macho yangu.

Upo ndani ya kanisa kuu, sakafuni, umezungushiwa kamba fupi. Ni saa inayokadiriwa kuwa ya mwaka 1386, na huhesabiwa miongoni mwa saa kongwe zaidi duniani ambazo bado zinatembea. Haina uso. Haina mishale wala namba. Ni fremu ya chuma iliyofuliwa kwa nyundo, ndefu kifuani mwa mtu, yenye magurudumu ya meno, na kamba zinazopanda juu kisha kushuka zikiwa zimebeba mawe. Kazi yake ilikuwa moja: kugonga kengele kila saa. Ilipobadilishwa mwaka 1884 ilisahauliwa mnarani mpaka ikagunduliwa tena mwaka 1928.

Juu yake umelala ufito wa chuma unaokwenda na kurudi, na kila upande wake kuna uzito mdogo unaoning'inia. Kaka alichuchumaa, akanionyesha. Jiwe linataka kuanguka. Likianguka moja kwa moja magurudumu yatakimbia kama wazimu mpaka kamba iishe. Ule ufito ndio unaolizuia: unapokwenda upande huu unaachilia jino moja, unaporudi unaachilia jingine.

"Na vile vizito?"

"Ukivisogeza nje, ufito unakuwa mzito kugeuka, saa inachelewa. Ukivisogeza ndani, inakimbia. Hapo ndipo fundi anapoweka mkono wake, hana pengine."

Saa za aina hii zilipotea hata robo saa kwa siku, kwa hiyo kulikuwa na mtu wa kuvisogeza vizito hivyo kwa vidole vyake, akilinganisha na jua. Hilo ndilo umbo la kifaa changu, na sikuwa na haja ya kulipamba. Ufito na vizito viwili. Nje, wakati unakuwa mpole. Ndani, unakuwa mkali. Hakuna vito vinavyong'aa, hakuna maandishi ya dhahabu wala sauti kutoka mbinguni.

Tulikaa muda mrefu kwenye benchi. Nilikuwa nayatazama mawe. Nguvu yote ya saa ile imo katika kitu kinachoanguka, na kilichoanguka lazima mtu akipandishe tena kwa mikono. Kwenye muswada wangu hapakuwa na mtu huyo, Mzani ulijiendesha. Sasa wapo. Ni wavuta kamba, watu wa mnarani, wanaoipandisha miamba ya mji usiku na mchana. Wakati ukipunguzwa mwendo wanapumzika. Ukikimbizwa, mawe yanashuka haraka, na wao wanavuta mpaka viganja vichubuke. Mtawala anasogeza kizito kwa kidole kimoja. Anayelipa yuko chini yake ghorofa tatu.

Jambo moja lilibaki likinikereketa. Nilimuuliza kaka kama saa hii inaweza kwenda kinyumenyume. Akasema jiwe halijawahi kuanguka kwenda juu.

Jumatano, Wells

Hakuna treni inayofika Wells, tumekuja kwa basi kutoka Bath.

Siku nzima nimeutetea mwendo wa kinyumenyume. Nina sababu. Kiini cha riwaya yangu ni mama mmoja ambaye mwanawe amezama, na katika muswada anapanda mnarani kuirudisha asubuhi ile. Ukiniondolea hilo umeniondolea kitabu.

Saa ya Wells ni ya karibu mwaka 1390. Uso wake una duara la saa 24, jua linazunguka, dunia iko katikati kama walivyoamini. Mashine yake ya awali iko makumbusho ya sayansi London, lakini uso na sanamu vimebaki hapa. Kila robo saa, juu ya uso huo, wapanda farasi wadogo wa mbao wanatokea wakizunguka kwa mashindano ya mikuki. Mmoja wao anapigwa, anaanguka chali juu ya mgongo wa farasi, anazunguka nyuma na kuinuka. Mzunguko unaofuata anapigwa tena. Ni yule yule, siku zote.

Watoto walicheka kila alipoanguka. Sikuondoka. Nilingoja robo nyingine, na nyingine, na kadiri nilivyomtazama ndivyo utetezi wangu ulivyoyeyuka. Huyu anarudishiwa wakati wake kila dakika kumi na tano na hajawahi kuokoka hata mara moja. Mkuki uko pale pale, mkono ulioushika uko pale pale. Kama mama wa riwaya yangu atairudisha asubuhi, kila kitu kitarudi pamoja nayo: mtumbwi mbovu, upepo, na yeye mwenyewe akiwa hajui kitu. Atampoteza mwanawe baharini upya. Na kama atarudi akiwa anajua, basi Mzani haukuurudisha wakati wote, umemwacha yeye nje. Kwa nini yeye? Kwa sababu mwandishi anamhitaji. Jibu hilo halitoshi, na msomaji atalinusa.

Jioni kaka alinunua chai, hakuniuliza kitu. Ananifahamu.

Alhamisi, njiani

Treni chini ya bahari, kisha Paris, kisha mashariki. Tulipotoka kwenye handaki saa zetu zilikuwa nyuma kwa saa nzima, tukazisogeza mbele.

Nimetumia safari kufikiria wakati unaobadilishwa kwa amri. Mwaka 1752 Uingereza ilihamia kalenda ya Gregori, na Jumatano ya tarehe 2 Septemba ikafuatwa na Alhamisi ya tarehe 14. Siku 11 zilifutwa kwa sheria ya Bunge. Lakini hakuna mtoto aliyeota jino usiku ule kwa sababu ya sheria. Majina ya siku yaliruka. Siku zenyewe hazikuruka. Nimeamua mtawala wa mji wangu aijue tofauti hiyo na raia wasiijue, maana anaweza kutangaza kwamba Mzani umeguswa hata kama haukuguswa.

Ijumaa, Strasbourg

Saa ya hapa ni jitu. Imesimama ndani ya kanisa kuu, na mashine yake ilitengenezwa na Jean-Baptiste Schwilgué kati ya mwaka 1838 na 1843, ikiwa ya tatu baada ya mbili zilizotangulia tangu karne ya 14. Ina gurudumu linalofuata kuyumba kwa polepole kwa mhimili wa dunia, mzunguko ambao huchukua zaidi ya miaka 25,000 kukamilika. Ina sehemu inayokokotoa tarehe ya Pasaka, ambayo hulala mwaka mzima na kuamka usiku wa mkesha wa Mwaka Mpya tu. Kaka alitaka kulia alipoyaona meno ya sehemu hiyo. Nami nilikuwa na langu: juu, umri nne za binadamu zinapita mbele ya Mauti, mtoto, kijana, mtu mzima na mzee, kila mmoja robo yake, na Mauti ndiye anayegonga saa.

Onyesho kubwa, mitume wakipita mbele ya Kristo na jogoo akiwika mara tatu, hufanyika saa sita na nusu mchana. Nilishangaa kwa nini isiwe saa sita kamili. Kumbe kwa saa yenyewe ni saa sita kamili. Imewekwa kwenye wakati wa Strasbourg wenyewe, unaofuata jua la Strasbourg, na wakati huo uko nyuma ya saa za simu zetu kwa nusu saa hivi. Kabla ya reli, kila mji ulikuwa na adhuhuri yake. Reli ndiyo iliyodai miji ikubaliane.

Hapo likanijia swali ambalo sikuwahi kujiuliza: Mzani unafika wapi? Katika muswada ulitawala dunia nzima, bila mimi kulifikiria. Sasa nimeuwekea mpaka. Unafika pale kengele yake inaposikika. Hatua moja zaidi ya hapo, wakati unaendelea na mambo yake kama kawaida. Mji wangu utakuwa na adhuhuri yake, na kuna ufukwe mmoja ambako ukisimama sikio moja linaisikia kengele na jingine halisikii, na watoto wanakatazwa kucheza huko.

Mpaka huo umenifungulia jambo jingine usiku huu, lakini nalala nalo kwanza.

Jumamosi, Bern

Asubuhi tulitazama Zytglogge, mnara wa saa wa mji wa kale. Mashine yake ni ya mwaka 1530, kazi ya Kaspar Brunner: dubu wadogo wanazunguka, jogoo anawika, na mzee aliyeshika saa ya mchanga anaigeuza saa inapogonga. Umati ulikuwa mkubwa, tukaondoka mapema. Hatua chache kutoka pale, Kramgasse namba 49, ndipo alipoishi Albert Einstein kuanzia mwaka 1903 hadi 1905, akiwa mfanyakazi wa ofisi ya hataza. Nyumba ni nyembamba, ngazi zake za kujipinda.

Ni huku, mwaka 1905, alikoandika kwamba saa mbili zinazosafiri kwa kasi tofauti hazipimi wakati sawa. Baadaye akaongeza uvutano: saa iliyo karibu zaidi na uzito wa dunia hutembea polepole kuliko iliyo juu. Hayo yamepimwa. Mwezi Oktoba 1971 Joseph Hafele na Richard Keating walizipakia saa nne za atomi kwenye ndege za abiria, wakaizunguka dunia mara moja kuelekea mashariki na mara moja kuelekea magharibi, kisha wakalinganisha na saa zilizobaki nyumbani. Za mashariki zilikuwa zimepoteza nanosekunde 59 hivi. Za magharibi zilikuwa zimezidi kwa nanosekunde 273. Nanosekunde ni sehemu moja ya bilioni ya sekunde, hakuna mtu angeihisi. Lakini saa zilirudi kweli zikiwa na umri tofauti. Setilaiti za kuonyesha njia kwenye simu zetu husahihishwa kwa sababu hiyo hiyo, mikrosekunde 38 hivi kwa siku, yaani sehemu 38 za milioni ya sekunde.

Kwa hiyo wakati unaweza kunyooshwa na kubanwa, sehemu kwa sehemu. Katika vipimo hivyo hakuna saa iliyorudi nyumbani kabla ya kuondoka. Nimekaa kwenye kingo za mto Aare na kufuta sura nzima ya kurudisha asubuhi. Haikuniuma kama nilivyotazamia, kwa sababu ya lile jambo la jana usiku.

Ni hili. Mama anapanda mnarani, na mwanawe hajafa bado. Yuko baharini, mtumbwi umepasuka, ameshika ubao, ana saa moja ya kuishi. Yuko mbali, nje ya mlio wa kengele. Mtu yeyote angefikiri asogeze vizito nje, aupunguze mwendo wakati. Angekuwa amemuua. Mji ungetambaa na bahari ingekimbia; kabla waokoaji hawajafika gatini mtoto angekuwa amezama zamani. Anachotakiwa kufanya ni kinyume chake. Avisogeze ndani, mji ukimbie, miezi ipite ndani ya kengele huku baharini ikipita saa moja. Chombo hakuna, lakini kitachongwa. Miti itakatwa, mbao zitachanwa, lami itapikwa, na kitakaposhushwa majini na kuuvuka mpaka wa kengele, mtoto atakuwa bado ameshika ubao wake.

Kaka alisikiliza mpaka mwisho. Akauliza, "Na hiyo miezi ni ya nani?"

Ni ya kila aliyemo mjini. Kila mtu atazeeka kwa miezi hiyo, mvuta kamba na mtoto mchanga, bila kuulizwa.

Usiku tumepanda treni ya kulala kutoka Zürich.

Jumapili, Prague

Sikulala vizuri, na haikuwa kosa la treni. Kuna swali la jua. Jua haliko ndani ya mlio wa kengele.

Mbele ya saa ya Prague, kwenye ukuta wa ukumbi wa mji wa kale, nimelipata jibu. Saa hii ya mwaka 1410 ilibuniwa na Mikuláš wa Kadaň, na hesabu zake zinahusishwa na mwanafalaki Jan Šindel. Uso wake unaonyesha wakati kwa namna kadhaa kwa pamoja. Duara la nje kabisa huhesabu saa 24 kuanzia jua linapotua, na kwa kuwa jua halitui wakati mmoja mwaka mzima, duara hilo lenyewe husogea mbele na nyuma kulifuata. Ndani yake kuna mistari iliyopinda inayougawa mchana sehemu 12, uwe mrefu au mfupi. Kwa latitudo hii, saa ya mchana wa kiangazi hukaribia dakika 80, na ya majira ya baridi ni kama dakika 40. Waliokuwa wakihesabu hivyo waliona saa ni kitu kinachoongezeka na kupungua kwa kulitegemea jua.

Basi mji wangu ukikimbia, jua litasimama. Mama akisogeza vizito usiku, miezi yote ile itakuwa usiku mmoja. Mbegu hazitaota. Kuku wataacha kutaga. Watachonga chombo kwa mwanga wa taa mpaka mafuta yaishe, na chakula kitakuwa kile tu kilichokuwa ghalani jua lilipotua. Ghala ndilo litakaloamua ni miezi mingapi inawezekana. Nimefurahi mno kwa hilo, maana sasa sheria zenyewe zinaandika kisa: kuna hesabu ya magunia, kuna mtu wa kuyahesabu, na kuna siku yatakapoisha.

Saa ilipogonga, kiunzi cha mifupa upande wa kulia kilivuta kamba ya kengele kwa mkono mmoja na kugeuza saa ya mchanga kwa mwingine. Sanamu nyingine zilizo pembeni, mwenye majivuno na kioo chake, bahili na mfuko wake, na yule mwenye kilemba, zilitikisa vichwa. Zinakataa. Mauti anavuta kamba, anaita, na wao wanasema hapana, hapana. Mitume wakapita kwenye madirisha mawili, jogoo akalia, umati ukatawanyika. Sisi tulibaki kungoja saa inayofuata, kwa ajili ya vile vichwa.

Kuna hadithi maarufu hapa kwamba madiwani walimpofusha fundi aliyeitwa Hanuš ili asiujengee mji mwingine saa kama hii. Si historia, na hadithi kama hiyo husimuliwa hata Strasbourg. Lakini hofu iliyomo ndani yake naiamini: kwamba mji ukishaumiliki wakati, unaanza kumwogopa anayejua unavyofanya kazi. Mchukuzi wangu wa wakati, yule mwanamke wa mkoba, yuko hatarini kuliko nilivyodhani.

Jumatatu, Prague, Josefov

Kituo cha mwisho ni ukumbi wa mji wa Wayahudi, mtaa wa Maiselova. Mnarani kuna saa yenye namba za Kirumi inayokwenda kama saa zote. Chini yake ipo nyingine, yenye herufi za Kiebrania badala ya namba. Kiebrania husomwa kutoka kulia kwenda kushoto, nayo mishale yake inazunguka upande huo huo, kinyume na mazoea yetu.

Kaka alifurahi kupita kiasi. Akanieleza kwamba kwa fundi ni gurudumu moja tu la ziada la kugeuza mwelekeo. Jiwe bado linaanguka chini. Nilizitazama saa mbili zile kwa zamu, mishale ikiachana na kukutana, zote zikisema wakati mmoja. Nitaiweka saa ya namna hii mjini kwangu, kwenye duka la tapeli anayewauzia wafiwa kurudi nyuma. Watu watakwenda kwake kwa wingi. Mama yule naye atakwenda, kabla ya kupanda mnarani.

Mchana tulikaa kupanga kilichobaki. Muswada wote kuanzia sura ya tatu unaandikwa upya. Nilimwambia kaka kwamba mama atasogeza vizito peke yake, usiku, mji umelala, na watu wataamka ndani ya usiku usiokwisha.

"Hapana," akasema. "Wavuta kamba wako macho. Wewe mwenyewe umewaweka pale. Mawe yakianza kushuka mbio watajua dakika ile ile, na wakiacha kuvuta, Mzani unasimama. Hawezi peke yake."

Ni kweli, na linabadilisha kila kitu. Mama lazima awaombe. Watu watatu au wanne chini ya mnara, viganja vimechubuka, wenye watoto wao waliolala nyumbani, wanaombwa watoe miezi ya mji mzima kwa mtoto mmoja wasiye na udugu naye. Mmoja atakubali haraka. Mmoja atauliza ghalani kuna magunia mangapi. Mmoja atatikisa kichwa, na nataka hoja yake iwe na nguvu kiasi kwamba msomaji amuunge mkono kwa kurasa kadhaa.

Nimeanza na huyo wa mwisho. Ana mke mgonjwa ambaye mganga amempa miezi sita.